Matela Yetu Nyumbani kwa Mama Mdogo

Asubuhi serikali ilipotuma watu kuuliza kama kazi ya papa, baba yangu, imetusaidia, mama aliniwekea matela, godoro letu, kichwani akaniambia niipeleke kwa jirani.

Kazi yenyewe iligawanywa kwa bahati, kwenye uwanja wa kanisa hapa Mugunga. Watu wasio na kazi walikuwa wengi, sisi tuliokimbia vita Masisi pamoja na wenyeji, na nafasi zilikuwa chache. Wakatia vifuniko vya chupa ndani ya ndoo, vyekundu na vyeupe, na kila mutu akaingiza mkono akiwa amegeuza uso. Papa alitoa chekundu. Jirani yetu alitoa cheupe. Huyo ni mjane tuliyekimbia naye njia moja. Hatuna damu moja, lakini mimi namwita mama mdogo.

Mkubwa wa mradi huo wa serikali alieleza waziwazi. Wenye chekundu wanaanza. Baadaye watakuja watu kulinganisha nyumba zao na za wenye cheupe. Ikionekana kazi imesaidia, wenye cheupe nao wataitwa. Isipoonekana, mradi unaishia hapo.

Mama mdogo alifunga kifuniko chake kwenye pindo la kitenge. "Muzee," akamwambia papa, "kaza mikono. Unaenda kutumika kazi kwa ajili yangu pia."

Papa alifundishwa kuchonga mawe ya volkano na kuyajengea kuta. Zamu yake ilipokwisha hakurudi kukaa mlangoni kama zamani, akitazama magari ya kwenda Sake. Watu wa mtaa wa Katindo walimwita awajengee. Tukanunua radio, kisha matela. Siku matela ilipofika mama aliifinyafinya kwa vidole kama mtu anayechagua parachichi sokoni. Mimi nikarudi sekondari.

Basi asubuhi ile sauti ikapita mtaani: "Banakuja! Bale ba kuuliza!" Nyumba zote za vifuniko vyekundu zikaanza kujivua. Sufuria mpya zikatoka, mablanketi yakatoka, mbuzi mmoja akavutwa akilia. Muuza makala alikuwa amekaa kwenye gunia lake la mkaa, akicheka.

"Leo tutakuwa maskini wazuri!" alituambia. "Mama, na lile pazia? Maskini gani ana pazia?"

Mama alirudi ndani akalitoa pazia.

Aliyekaa kambini hatashangaa. Miaka ya kambi, watu walikuja kuuliza, na mama akasema ukweli kwamba anafulia watu nguo. Tokeni yetu ya chakula ikakatwa. Nilikuwa mdogo, lakini nakumbuka tulivyosimama pembeni tukitazama wengine wakipimiwa unga. Tangu hapo, kwa mama, mutu mwenye maswali anajibiwa neno moja: hatuna.

Vitu tulivificha kwa wenye vifuniko vyeupe. Tulifikiri hao hawataulizwa, maana hawakupewa kitu. Maneno ya uwanjani kuhusu kulinganisha hakuna aliyeyakumbuka. Mama mdogo alipokea matela yetu, radio yetu, na vitu vya nyumba nyingine mbili, hata akawa hana pa kukanyaga.

Muulizaji alikuwa dada kijana mwenye tableti, viatu vyake vimejaa vumbi jeusi. Mama alimkaribisha kwenye kigoda.

"Mama, tangu papa apate kazi, maisha yamebadilika?"

"Yabadilike wapi, dada? Ni vile vile."

"Mnalala juu ya nini?"

"Mkeka."

Dada alibonyeza, akashukuru, akaingia mlango wa pili. Mlango wa mama mdogo. Ukuta wetu ni mbao, kila kitu kinasikika.

"Matela hii ni yako, mama?"

Angesema siyo, angetuuza.

"Ni yangu," alisema mama mdogo.

"Na radio?"

"Yangu."

"Na hizi sufuria zote?"

"Za kwangu, mwanangu. Andika."

Mimi ni mutoto wa kunyamaza. Darasani najibu nikiwa nimefunika mdomo kwa mkono. Lakini nilikumbuka yale maneno ya uwanjani, nikaenda hadi jikoni, mama alikokuwa akichagua maharagwe, nikasema, "Mama, wanamlinganisha na sisi. Sisi tumeonekana hatuna kitu, yeye ameonekana tajiri. Watasema kazi haikusaidia. Hawatamwita."

Vidole vyake vilisimama.

"Nikisema ukweli watatukata," alisema.

"Watakata nini? Papa tayari anajua kuchonga."

Alifuta mikono, akavuka kwa jirani, na mara nikamwona anatoka na matela juu ya kichwa chake mwenyewe, mchana kweupe, katikati ya mtaa.

"Weye mama! Unatuharibia!" wenzake walipiga kelele. "Kama ni kufa, kufa peke yako!"

Muuza makala hakucheka tena.

Mama alimfuata dada wa tableti hadi nyumba ya tatu. "Dada, nimekudanganya. Hii ni yetu. Kazi ya papa ndiyo iliinunua. Futa yale."

"Mama, nitamwambia nini mkubwa wangu?"

"Mwambie tuliogopa."

Dada akarudi naye kwa mama mdogo. Nilisaidia kutoa radio. Wenye nyumba zile nyingine mbili walikuja kuchukua vyao wakinung'unika, bila kututazama. Chumba cha mama mdogo kikabaki wazi.

"Sasa, mama," dada aliuliza kwa sauti ndogo, "wewe unalala wapi?"

Mama mdogo alisogeza mguu, akaonyesha gunia lililotandikwa juu ya mawe. "Hapa."

Dada alibonyeza, akainama, akaligusa gunia lile kwa mkono.

Hatukupata kujua walihesabu namna gani. Vita vilikaribia tena, mlio wa mabomu ukasikika upande wa Sake, na ofisi ya mradi ikafungwa. Hakuna aliyekuja kutuambia kama kazi ilisaidia au haikusaidia.

Sisi bado tunalala kwenye matela ile. Mama mdogo bado ana kifuniko chake kwenye pindo. Radio yetu ikitaja serikali, anakishika kwa vidole, anaomba tuongeze sauti.

"Warudi tu," anasema. "Nyumba yangu haijabadilika. Waje waipime."