Miaka Miwili Niliyoongezewa

Siku yangu ya kwanza kazini nilipewa kalamu ya wino mwekundu na kuonywa nisimwazime mtu yeyote. Hiyo ilikuwa enzi ya baraza la manispaa, hapa Eldoret, kabla ya kaunti. Nilikuwa nimetoka Bungoma na koti moja la baridi, nimeajiriwa karani wa kasma. Kasma ni fungu la pesa lililopitishwa kwa kazi maalum: barabara zina lake, dawa zina lake, mishahara ina lake. Mhasibu Mkuu, mzee mfupi asiyependa salamu ndefu, alinifungulia daftari kubwa juu ya meza.

"Kabla kitu hakijanunuliwa, karatasi inapita kwako," alisema. "Fungu likiwa na kitu, andika 'Fedha zipo' na uweke sahihi. Kama hakuna, hata meya akilia hapa, andika 'Hakuna.' Umeelewa?"

Nilielewa, na nikaipenda kazi haraka kuliko nilivyotarajia. Niseme ukweli: nilipenda kukataa. Nilipenda kuona mtu mzima mwenye tai akirudi na karatasi yake mkononi.

Katiba mpya ilipokuja na kaunti zikaanza, nilihamia ofisi ambayo sitaitaja, nikapanda ngazi hadi kuwa msimamizi wa kasma zote. Nyinyi mnaoingia kazini sasa mmekuta mambo yamepangwa kwenye kompyuta, kwa hivyo acha nieleze. Katiba inasema hela ya kaunti haitoki kwenye mfuko bila sheria iliyopitishwa na bunge la kaunti, na bila idhini ya Mdhibiti wa Bajeti kule Nairobi. Kaunti haikopi bila serikali kuu kuidhamini. Kisha kuna sheria na kanuni zilizofuata katiba, ambazo zilitupa ukomo wa aina mbili: maendeleo yasipungue asilimia thelathini ya bajeti, na mishahara isizidi asilimia thelathini na tano ya mapato. Bila hiyo ya pili, kila mkubwa angeajiri ukoo wake wote, na barabara zingebaki matope. Ninaiamini mpaka leo. Hiyo ndiyo inayonisumbua.

Wakubwa walibadilika kila baada ya uchaguzi. Aliyenifaa na kuniharibu ni Mkurugenzi wa Bajeti, kijana wa suti nyembamba mwenye akili nyingi. Wakati wake kaunti ilijenga wodi ya kina mama kwenye zahanati moja ya mashambani. Jengo lilikuwa zuri, mabati ya kijani, vitanda vinne bado vimefungwa plastiki. Likapigwa kufuli, kwa sababu jengo hulipwa kwa fungu la maendeleo lakini muuguzi hulipwa mshahara, na mishahara ilikuwa imefika ukomo. Pesa za kujenga tulikuwa nazo. Nafasi ya kuajiri wauguzi wawili hatukuwa nayo.

Jumamosi moja Mkurugenzi aliniita nyumbani kwake Elgon View. Mkewe alileta chai na mandazi, na kabla sijamaliza kikombe cha kwanza alinisukumia karatasi.

"Mama, hawa wauguzi wawili tuwaweke kwa development. Tuandike ni part ya project."

"Muuguzi ni mshahara, sir."

"Sasa jengo bila muuguzi ni maendeleo gani? Mama, si unaona hiyo sheria ni kama inatucheka?"

"Naiona. Lakini nikiwaweka wawili leo, kesho utaniletea madereva, kesho kutwa wapwa wa waheshimiwa. Sisaini."

Alicheka na kuniongezea chai. Alikuwa mtu mwema, jambo linalofanya hadithi hii iwe ngumu. Akasema basi tusubiri kihalali: mkubwa mmoja akistaafu, mshahara wake unaacha nafasi, na idara ya afya itaingiza wauguzi hapo. Orodha ya wanaostaafu ilikuwa kwangu. Aliyefuata nilikuwa mimi, baada ya miezi mitano. Mshahara wangu na marupurupu vingetosha wauguzi wawili wa mkataba, na chenji kidogo ingebaki. Idara ya afya ikawafanyia usaili, ikawateua, ikawaambia wangoje.

Nilirudi nyumbani kwangu Yamumbi nikitembea kwa kiburi. Nilikuwa nimeilinda sheria.

Ulipobaki mwezi mmoja nistaafu, Mkurugenzi mwenyewe akaja ofisini kwangu, akafunga mlango.

"Mama, auditors wanakuja mwaka huu na mwaka ujao. Ukienda, nani atatusaidia? Bodi ya ajira imekubali kukuongezea two years kwa mkataba."

"Na wauguzi?"

"Watangoja tu. Jengo haliozi."

Mkataba nao ni matumizi, na matumizi yote yalipita kwangu. Karatasi ikaja mezani: jina langu, cheo changu, kiasi. Nilifungua kasma ya mishahara. Nafasi ilikuwepo, moja tu, ile ya kustaafu kwangu, ambayo wauguzi walikuwa wakiingojea. Kila kitu kilikuwa halali. Hakuna mkaguzi duniani angeniuliza swali. Nilichukua kalamu nyekundu, nikaandika "Fedha zipo," nikaweka sahihi chini ya jina langu.

Katika mwaka wa pili wa mkataba, mwanamke aitwaye Jerop alishikwa na uchungu shambani. Mumewe alimpeleka kwenye ile zahanati kwa pikipiki asubuhi, akijua kuna wodi mpya. Walikuta kufuli. Alijifungua verandani, mumewe akipiga mlango kwa ngumi. Jerop alipona. Mtoto hakupona. Habari ilifika ofisini kama ripoti ya kurasa mbili, na mimi nikaifungia kwenye faili.

Nimestaafu sasa. Wauguzi waliajiriwa mwezi uliofuata kuondoka kwangu, na wodi inafanya kazi. Watu huniita kwenye semina nizungumzie uadilifu. Siwezi kukaa. Nikiketi nainuka, nikilima bustani naacha jembe katikati ya mtaro. Ninachowaomba nyinyi ni hiki: mkilinda ukomo, hesabuni pia kiti mlichokalia.

Mwezi uliopita nilienda kumtafuta Jerop. Nilimkuta akichambua maharagwe uani, akanivutia kigoda. Nilimweleza yote: asilimia, mkataba, sahihi yangu. Alisikiliza bila kuinua macho, mikono ikiendelea na kazi.

"Kwa hivyo Mama, wewe ndio ulikula hiyo pesa ya nurse?"

"Ilikuwa mshahara wangu halali. Lakini ndiyo."

"Ulifanyia nini?"

Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi, hata kwa kilio. Kwa hilo sikuwa nimejiandaa.

"Nilimalizia nyumba," nikasema. "Niliweka tailizi na dari."

Mikono yake ikasimama. Aliniangalia kwa mara ya kwanza tangu niingie.

"Ikaisha?"

"Iliisha."

"Hiyo ni sawa. Angalau hiyo pesa ilimaliza kitu," akasema, akarudi kwenye maharagwe yake.