Kila Jumanne Saa Tatu, Ripoti

Mnaonijua kwa kusuka tu, leo nawaambia. Miezi saba nimeishi kama mtuhumiwa wa unyang'anyi. Mimi, Tausi, ambaye hata kuku simchinji!

Nilikuwa saluni kwangu Makorora, kichwa cha mteja kiko nusu, akaingia mwanamume mmoja.

"Wewe ndiye Tausi? Polisi. Twende."

Kituoni akajitambulisha: Koplo Sabiri, mpelelezi. Bodaboda kaporwa pikipiki, mporaji kaangusha simu. Namba ya mwisho kupigwa ni yangu.

"Afande, mimi msusi. Namba yangu nimeiandika ukutani, anapiga yeyote."

Akacheka. "Utayasema mahakamani. Kila Jumanne saa tatu, ripoti kwangu."

Nikaripoti.

Nakalishwa kwenye benchi mpaka adhuhuri, maswali yale yale. Nikichelewa, anakuja kusimama mlangoni pa saluni. Wateja wakanikimbia.

Mwezi wa saba akashusha sauti. "Ijumaa nakwenda Pangani. Twende wote, tulale huko, ukirudi huna kesi. Ukikataa, rumande."

Wallahi, siku ile sikurudi saluni.

Nilimwambia shangazi Saleha peke yake. Akavaa baibui, akanipeleka kwa Bertha, wakili wa msaada wa kisheria.

"Namba ya jalada lako, mdogo wangu?"

"Sijui, dada."

"Karatasi ya dhamana?"

"Sijapewa."

Bertha akaacha kuandika, akanitazama. Kesho yake akapeleka maombi mahakamani: polisi walete jalada, waeleze kwa nini nasumbuliwa.

Ijumaa ile nililala kwa shangazi. Siku ya kusikilizwa, Sabiri akakaa nyuma yangu. Akaninong'oneza, "Umejichimbia kaburi."

Nikamsogelea shangazi.

Jaji akauliza, "Upelelezi dhidi ya mama huyu umefikia wapi?"

Wakili wa Serikali akafungua jalada. Akageuza karatasi. Akarudia tena. Akavua miwani.

"Mheshimiwa, pikipiki ilipatikana siku ya pili. Jalada likafungwa miezi saba iliyopita. Huyu mama hajawahi kuandikwa mtuhumiwa."

"Nani alisaini kulifunga?"

"Koplo Sabiri, Mheshimiwa."

Shangazi akanishika mkono.

Mnadhani nilifurahi? Ndiyo kwanza nikaanza kuhesabu. Kumbe kesi iliishi siku mbili tu. Jumanne zote zile nilikuwa naripoti kwa mtu, si kwa sheria. Na kama ile Ijumaa ningepanda gari kwenda Pangani, hakuna karatasi hata moja duniani ingeonyesha niko naye.

Jaji akaamuru asinisogelee tena na mwenendo wake uchunguzwe. Kasimamishwa kazi. Lakini mpaka leo, Jumanne sifungui saluni.

Dada yangu, ukiitwa kituoni nenda, ila usiende peke yako. Na uliza namba ya jalada, hata kama sauti inatetemeka.

Mimi niliogopa kuuliza. Na Sabiri alilijua hilo.