Mkwe, Mama na Beseni

Kwetu mtu na mama mkwe wake hawatazamani usoni, wala hawagusani. Haina taabu kama mmoja yuko Runazi analima mihogo na mwingine yuko ziwani. Taabu ilianza mama yangu alipoamua kuuza samaki mjini Biharamulo, na mvuvi mwenye sato wazuri kuliko wote pale mwaloni, samaki wanaposhushwa, alikuwa mume wangu.

Bei walipatana kupitia kwangu. Nisipokuwepo, walipatana kupitia beseni. Mama aligeukia vichaka akasema, "Wewe beseni, mwambie mwenye samaki, hawa ni wadogo." Mume wangu naye, macho kwenye maji, akajibu, "Beseni, mwambie mama, wadogo ndio watamu." Wavuvi wengine walishazoea, hawakucheka tena.

Asubuhi moja mama alikosa subira. Alipanda mtumbwi wa mume wangu, beseni mkononi, achague mwenyewe kabla wachuuzi wenzake hawajafika. Mtumbwi ukayumba, akaangukia upande wenye kina. Mama hajui kuogelea. Hata mimi, niliyekuwa mchangani, sijui.

Mume wangu alijitosa na kafi ya mtumbwi mkononi, halafu akakumbuka yule ni nani. Akageuka, akawa anamwendea kinyumenyume, kafi kaishika nyuma ya mgongo. "Beseni," alisema, "mwambie mama ashike kafi." Beseni lenyewe lilikuwa linaelea kule, linakwenda zake. Mama aliibuka, akatema maji. "Mwambie asigeuke, kitambaa changu cha kichwa kimeondoka," alisema, akazama tena.

Nilipandwa na hasira ambazo sijawahi kuzipata. Niliwatukana wote wawili, na mila zao, na beseni. "Mshike," nilimwambia mume wangu. "Mshike mama yangu." Alifumba macho, akapapasa majini, akampata mkono, akamburuta hadi mchangani.

Jioni mama alikaa jikoni kwangu ndani ya koti langu, anaota moto na kunung'unika. Mkwe amemshika mkono mbele za watu. Alete faini ya kitenge na jogoo, la sivyo asikanyage kwake. Na kwa nini alimbana vile, kama anakamata kambale? Mume wangu, aliyesimama nje, alijibu kupitia ukuta kwamba kitenge kitakuja. Kisha mama akachoka, akanyamaza.

Kimya kile kilinitisha kama pale alipozama. "Endelea, mama," nilimwambia, machozi yananitoka. "Alikubana vipi?"