Mawe Matatu ya Kambini

Nyumba yangu ya Ngoingwa ina vyumba vinne vya kulala, na mama yangu hakuwahi kulala hata katika kimoja. Alikuja, alizunguka, aligusa mapazia, alikunywa chai, na jua likianza kuelemea magharibi alikuwa tayari ameshika kikapu chake. "Nimeacha maharagwe kwa jiko," alisema. Maharagwe hayo yalichemka Landless, kwenye chumba chake cha kupanga, miaka yote tangu nirudi, na sijui kama yaliwahi kuiva.

Niseme wazi kwamba nyumba hiyo niliijenga mwenyewe. Sikuwa na mume wa kunishika mkono wala mjomba bungeni. Nilitandika vitanda vya hoteli kule Doha mpaka mikono yangu ikajua kukunja shuka bila mimi kuitazama, na jioni, wenzangu walipojinyoosha, nilienda darasani. Diploma yangu ya utalii imetundikwa sebuleni, mahali ambapo kila anayeingia huiona kabla hajaiona televisheni. Nilipanga iwe hivyo. Niliporudi, watu walitarajia nifungue saluni. Mimi nilinunua gari la viti saba, nikaanza kuwatembeza watu Thika na Ruiru nikiwaonyesha yale wanayoyapita kila siku bila kugeuza shingo: makanisa madogo ya mawe ambayo masetla wa Kizungu waliyajenga katikati ya kahawa, vinu vilivyonyamaza, nyumba zisizo na paa ambamo miti imeingia ikakaa kama wenyeji. Njia hizo sikufundishwa na mtu. Nilizitafuta kwa miguu yangu, na sijakutana na anayezijua kunishinda.

Machi ile, mwenye ploti kule Landless aliwaambia wapangaji wahame mwisho wa mwezi. Angebomoa vyumba vya mabati ajenge ghorofa. Nilidhani Mungu amenijibu, kumbe mama alikuwa amekwisha kutafuta chumba kingine, bondeni karibu na mto, mahali ambapo kuta hulia maji mvua ikinyesha. Kifua chake kilikuwa kikimsumbua tangu mwaka uanze, na daktari alikuwa ametuambia sote wawili kwamba unyevu ndio adui yake. Nilimwuliza anataka nini zaidi, ikiwa maji ya moto yapo na kitanda kipo.

"Mtu mzima haendi kukaa kwa binti yake," alisema. "Watu watasema nimeolewa na mtoto wangu."

"Watu gani?"

"Wale wako na midomo."

Ningekuwa na kaka, mama angehamia kwake na maneno yangeishia hapo. Lakini tuko wasichana wawili, mkubwa ameolewa mbali, na aliyebaki karibu ni mimi.

Jumamosi moja kiti kilibaki wazi garini nikamwomba aje. Alikubali kwa sababu, kwa maoni yake, kiti kitupu ni petroli iliyomwagwa. Wageni wangu siku hiyo walikuwa mzee wa Kisikh na mkewe, wazaliwa wa Thika wote wawili. Mzee alikuwa na karakana ya mashine mjini kabla magoti hayajamkatalia. Mama alikaa nyuma na kikapu chake mapajani, shuka la Kimasai mabegani, akikohoa kwa adabu.

Mvua ya kwanza ilikuwa imenyesha siku chache nyuma, na kahawa yote ilikuwa imechanua. Asiyewahi kuiona hawezi kuelezwa akaelewa. Mashamba yanakuwa meupe kwa usiku mmoja, na harufu yake ni tamu hadi unajikuta unapunguza mwendo bila kuamua. Siku hiyo kulikuwa na ukungu pia. Tulishuka kuelekea mto Ruiru ndani ya weupe juu ya weupe, na sauti ya injini ilikuwa kama inatoka kwenye gari la mtu mwingine.

Mtoni kuna kuta za kinu cha zamani kilichoendeshwa kwa maji. Mtambo wenyewe ulikwenda zamani, ila tundu la ekseli bado liko ukutani, mviringo mtupu, na ukichungulia unaona mto ukipita ndani yake kama ndani ya jicho. Nilieleza jinsi maji yalivyoelekezwa na jinsi mfereji ulivyochimbwa. Naeleza vizuri, sioni sababu ya kuficha. Mzee aliitikia kwa kichwa kila neno. Tulikula hapo juu ya mawe: mayai ya kuchemsha na chai ya chupa kutoka kwangu, chapati za viazi na achari ya ndimu kutoka kwa mke wa mzee. Mama alionja ile achari, akafumba macho, akaomba tena.

"Mama, si uhamie kwa huyu msichana," mzee alisema, maana nilikuwa nimewasimulia njiani. "Ako na maji ya moto. Mimi kwangu huyu mama anamaliza yote, mimi naoga ya mwisho, baridi."

"Wewe uko kwa nyumba yako," mama akasema. "Ukioga baridi, ni baridi yako."

Mke wa mzee alicheka mpaka akashika ukuta wa kinu.

Kutoka hapo tulirudi upande wa Thika, tukaingia barabara ya udongo, hadi kanisa ambalo huwa nalihifadhi kwa ajili ya mchana. Ni dogo, la mawe ya kijivu, lenye mnara mfupi na mbao za mwerezi ambazo hadi leo zinanukia. Ibada bado huwa humo, lakini si kila Jumapili. Kwenye dirisha moja bado kuna kioo cha rangi, na saa hiyo ukungu ulikuwa ukiondoka, basi doa la bluu na jekundu lilikuwa likitembea sakafuni polepole, likipanda viti, likishuka. Tulisimama tukilitazama. Nilijihisi mdogo na mzee kwa pamoja, kama mtu anayeota akijua anaota.

Nilikuwa nimewaambia kwamba mawe yalichongwa na mafundi wa Kihindi. Mzee akaweka kiganja ukutani. "Hii ni patasi ya kwetu," alisema. "Babu yangu alikuwa fundi wa mawe."

"Kila ukuta Thika ni wa babu yako," mkewe akasema. "Hata jela?"

"Hapana. Ile ilikuwa ya watu wa kwenu."

Niligeuka nimchekeshe mama, nikakuta hakuingia. Alikuwa amesimama mlangoni, vidole vya miguu vikiwa vimekoma mahali jiwe la kizingiti linapoanza.

"Ingia, mama. Ni wazi."

"Hapa hatukuwa tunaingia," alisema. Aliongea kama mtu aliyeamshwa nusu. "Tulikuwa tunasikia kinanda tukiwa kwa kahawa. Kambi ilikuwa huko nyuma."

Nilijua kwamba mama alizaliwa kwenye kahawa. Nusu ya watu wa umri wake huku walizaliwa kwenye kahawa. Kahawa ipi, sikuwahi kuuliza, na yeye hakuwahi kusema. Alikuwa ameshaanza kutembea. Alilizunguka kanisa, akashika njia ambayo mimi huitumia kuwapeleka wageni kwenye gofu langu la mwisho, safu za kuta fupi ambazo huwa naziita makao ya wafanyakazi. Nimeziongoza ziara pale mara nyingi. Nimesimama juu ya sakafu zile nikieleza, kwa sauti yangu nzuri, jinsi familia nzima ilivyolala katika chumba kimoja.

Kahawa ilikuwa imezunguka kuta zote, na maua yalikuwa yakidondoka juu ya mabega yetu. Mama alipita mfereji wa saruji palipokuwa na bomba la maji, akahesabu milango kwa mdomo bila sauti, akaingia kwenye chumba kisicho na mlango wala paa. Ndani kulikuwa na nyasi na mti mchanga wa mpera. Katikati, yakiwa yamezama udongoni hadi nusu, palikuwa na mawe matatu. Nilikuwa nimeyaona kabla, na nilikuwa nimedhani ni vifusi.

Mama alichuchumaa. Alikusanya gauni katikati ya magoti, akaondoa maua meupe juu ya jiwe moja, na mkono wake wa kulia ukaenda kando, chini, mahali pa kuni. Hapakuwa na kuni. Mkono ulibaki hapo. Nilimwona msichana mdogo akichochea moto, nikamwona na yule ambaye sikumkuta duniani, nyanya yangu, amekaa upande wa pili akimenya viazi, na harufu ya kahawa ikiwa paa la wote wawili.

"Tuliondolewa na lori siku moja," mama alisema. "Shamba lilikuwa limeuzwa. Sufuria ilikuwa kwa moto. Mama alishika sufuria, mawe yakabaki. Alisema yalikuwa moto sana ya kubebwa. Mpaka akufe alikuwa anasema hivyo."

Kwetu mwanamke hahami hivi hivi. Akihama kwa heri huenda na mawe ya meko yake, na binti akianzisha moto wake, mama humkabidhi jiwe. Nyanya hakuwa na la kumkabidhi mama. Ndiyo maana mama amepika maisha yake yote kwa jiko la makaa, kitu cha kubebwa kwa mkono mmoja, kama mtu ambaye bado yuko safarini. Nilikuwa nimemjengea jikoni yenye meko ya gesi na vigae hadi darini, nikishangaa kwa nini hupita humo kama mpangaji anayekagua.

"Maitu," aliniita. "Haya sasa yamepoa."

Hilo neno ni mama kwa lugha yetu. Ameniita hivyo tangu nizaliwe, kwa kuwa binti wa pili hupewa jina la mama ya mama yake, na jina likishakuwa lako, heshima nayo ni yako. Nilikuwa nimelizoea kiasi cha kutolisikia.

Nilivua koti nikaanza kuchimba kwa spana ya gari. Mzee wa Kisikh akanielekeza pa kuchokoa, fundi hawezi kunyamaza. Tulikuwa tumeshalitoa la kwanza, zito, jeusi upande mmoja, soja wa shamba akatokea kati ya mistari ya kahawa akiwa na rungu na gambuti.

"Hayo mawe yanaenda wapi?"

"Nyumbani," nikasema.

"Madam, kila kitu hapa ni cha kampuni."

Mama hakuinuka. "Kampuni ilipika nini hapa?"

Soja alimtazama. Akayatazama mawe, na ule upande mweusi wa lile lililotoka. "Ni yako, shosho?" akasema, kama anayemwuliza nyanya yake.

"Ni ya mama yangu."

"Na mama yako anakaa wapi?"

Mama akaninyooshea kidevu. "Si huyo."

Soja alikuwa kijana wa huku huku, hakuhitaji kuelezwa. Aliweka rungu chini, akatusaidia kuchimba yaliyobaki, akabeba lile la mwisho mpaka garini, akatuomba tufunge lango vizuri.

Niliwashusha wageni wangu. Mke wa mzee alimwachia mama chupa nzima ya achari, na mzee akanionya nisiyaoshe mawe kwa sabuni. Jua lilikuwa likielemea. Kwenye njia panda nikawasha taa ya kwenda Landless, kama siku zote.

"Unaenda wapi?" mama akauliza.

"Si kuna maharagwe?"

"Sikupika leo." Alikuwa anatazama nje, maua yamenasa kwenye shuka lake. "Twende tupange hayo mawe kabla giza."

Tuliyapanga nyuma ya nyumba, pale karibu na kamba ya nguo. Nilikuwa nimepapamba na vijiwe vya saruji vya rangi mbili, kazi ghali. Nikaving'oa mwenyewe kwa jembe la bustani, na mama akaelekeza: hili huku, hili lilale, upande mweusi ndani. Nilitaka aingie akalale chumba kikubwa. Alichagua kile kidogo ambacho dirisha lake linaangalia mawe.

Kesho yake, Jumapili, tulienda Landless kuchukua vitu. Jirani yake, mama mwenye mdomo wa kuaminika, alisimama mlangoni mikono kiunoni tukitoa godoro, sufuria, kuku wawili na lile jiko la makaa.

"Haya, umeolewa Ngoingwa?" akasema. "Unaenda kukaa kwa mtoto?"

Mama aliufunga mlango, akamkabidhi ufunguo ampe mwenye ploti.

"Nimerudi kwa mama," alisema. "Jiko ukitaka, lichukue."