Baba Hatua

Aibu ya bwana huyu ilianza kama furaha, ndiyo maana ilimkuta hajajiandaa. Yeye ni muuza kuku. Kibanda chake kiko mwisho wa soko, karibu na mfereji wa maji machafu. Matenga yamepangwa hadi usawa wa kifua, na pipa la maji ya moto halipoi tangu asubuhi. Mteja anakuja, anamshika kuku mbawa, anambonyeza kidari, anasema huyu kakonda, yule ana mafua, mwisho anamchukua yule yule wa kwanza. Muuza kuku anakata shingo, kichwa anakitupa kwenye ndoo, kuku anamfunika kwa beseni kuukuu la bati, kisha anaweka mguu juu ya beseni huku akiendelea na soga zake. Ndani ya beseni kuku asiye na kichwa anakimbia, bati linagongagonga sakafu. Likinyamaza, anamtoa, anamchovya kwenye maji ya moto na kumnyonyoa. Kazi hiyo ameifanya tangu ndevu hazijaota, na hajawahi kujiuliza swali hata moja kuhusu beseni lile.

Mdomo wake ndio hauna likizo. Ukimpa habari asubuhi, jioni utaikuta imenenepa huwezi kuitambua. Lakini kwa muda mrefu kulikuwa na jambo moja ambalo hakuwa na la kusema juu yake: yeye na mkewe walikaa miaka mingi bila mtoto. Wenzake sokoni walipotoa picha za watoto wao kwenye simu, yeye aligeukia matenga na kujifanya anahesabu kuku. Kwa hiyo mtoto alipokuja, tena wa kiume, mdogo, mwekundu, ngozi imelegea magotini, baba mtu alifungua domo lililokuwa limefungwa miaka yote hiyo.

Mama mkwe wake alikuja kumsaidia binti yake. Ni mama mfupi mwenye viganja vipana, asiyesema mikono yake ikiwa kazini. Alimpikia mzazi uji na supu, supu ya kuku wa mkwewe mwenyewe, na maziwa yakatoka mpaka mtoto akawa anayakohoa. Asubuhi na jioni alimwogesha mjukuu wake, akampaka mafuta, akamkanda mgongo na mapaja, akamkunja miguu juu ya tumbo na kuikunjua.

Mtoto hajamaliza hata wiki mbili, baba yake alimshika kwapani akamsimamisha juu ya meza ya kulia chakula, kwa mchezo tu. Nyayo zilipogusa meza, mguu mmoja ukainuka, ukatua mbele. Kisha wa pili. Kisha ule wa kwanza tena, taratibu, kwa zamu, kama mzee anayekagua shamba. Muuza kuku alipiga ukelele uliowatoa majirani nje.

"Anatembea! Jamani, mwanangu anatembea!"

"Baba, mtoto bado mchanga," mama mkwe akasema kutoka jikoni. "Mwache alale."

Nani wa kulala! Kesho yake video ilikuwa sokoni. Aliyekuja kununua mapaja ya kuku aliondoka ameona na mapaja ya mtoto. Kila siku alimsimamisha mezani, na kila siku habari iliongezeka: mara mtoto amevuka meza nzima, mara amekata kona. Wauza nyanya wakampa jina la Baba Hatua. Alilipokea kwa meno yote nje, hata akiitwa jina lake la kuzaliwa akawa haitiki vizuri.

Mtoto akafikisha miezi miwili na zaidi. Alikuwa amejaa, mikono ina mikunjo, mapaja yamefura. Jumapili moja Baba Hatua akaalika wageni: kaka yake mkubwa, mwenyekiti wa soko, na majirani wawili ambao hata wasingealikwa wangekuja. Soda zikafunguliwa. Akamchukua mtoto kifua mbele, akamsimamisha juu ya meza.

Miguu ilikunjika, ikaning'inia. Akamwinua, akamshusha tena. Mtoto akamtazama mwenyekiti, akatoa mate.

"Kachoka," akasema Baba Hatua.

Akamzungusha upande wa pili wa meza, pengine huko kuna bahati. Hakuna kitu. Kaka yake akakohoa. Mwenyekiti, mtu mwenye utani wa kuudhi, akauliza, "Hatua, gari limeishiwa mafuta au ni betri?"

Wakacheka. Naye akacheka nao, lakini uso ulikuwa umemshuka na masikio yanamwaka moto. Wote mle chumbani walikuwa wanamtazama yeye. Ile aibu aliona hawezi kuibeba peke yake, akatafuta wa kumtwika. Mama mkwe alikuwa amesimama mlangoni na chupa ya mafuta mkononi, maana saa ya kumwogesha mtoto ilikuwa imefika.

"Mama," akasema, na sauti ilikuwa kubwa kuliko alivyokusudia, "ni hayo makando yako. Kila siku unamvuta miguu, unamkunja kama nguo ya kukamua. Umemharibu mtoto. Kuanzia leo usimguse miguu."

Kicheko kilikatika. Mtu hasemi hivyo na mama mkwe wake hata wakiwa wawili tu porini, sembuse mbele ya wageni. Mama yule aliifunga chupa ya mafuta, akajifuta viganja kwa upande wa nguo yake, kidole kimoja kimoja, akaingia chumbani. Wageni wakakumbuka ghafla kwamba kila mmoja ana shughuli.

Jioni mkoba wa mama mkwe ulikuwa mlangoni, umefungwa zipu. Mkewe Baba Hatua akasimama kati ya mkoba na mumewe.

"Kliniki ni Jumatano," akasema. "Mama nimemwomba asubiri mpaka siku hiyo. Daktari akisema mama ndiye kaharibu, nitampeleka stendi mimi mwenyewe. Akisema siye, wewe ndo utamwambia. Na kama hujui kumwambia, mkoba mwingine uko juu ya kabati. Wangu na wa mtoto."

"Mama mtoto, mimi nimesema kwa uchungu tu."

"Ulisema kwa sauti."

Siku zile za kungoja Baba Hatua alikuwa akiuruka ule mkoba kila akiingia na kutoka, maana hakuna aliyethubutu kuusogeza. Mama mkwe aliendelea kupika. Alimwogesha mtoto kuanzia kichwani hadi kiunoni, kisha akamkabidhi binti yake amalizie. Baba Hatua alitamani angemtukana. Sokoni walimuuliza kama mtoto yuko gereji. Alichinja kuku kimya kimya, na wateja wakadhani anaumwa.

Jumatano wakaingia kliniki, yeye, mkewe na mtoto. Daktari wa watoto alikuwa mama wa makamo mwenye miwani iliyofungwa kamba shingoni.

"Haya, tatizo nini?"

"Mtoto ameacha kutembea," akasema Baba Hatua.

Daktari akaivaa miwani vizuri. Akamtazama mtoto, akamtazama baba. "Ameacha nini?"

Akaeleza yote, video akaitoa. Safari hii aliionyesha bila mbwembwe. Daktari akamlaza mtoto kitandani, akamkunja magoti, akamfungua nyonga, akamkuna nyayo, akampima uzito na kuguna kwa kuridhika.

"Mtoto mzima huyu, hana tatizo. Hebu, wewe si ndo yule wa kuku pale mwisho wa soko? Mwenye beseni?"

"Ndiye mimi, daktari."

"Kuku ukishamkata kichwa anafanyaje?"

"Anakimbia."

"Anakimbia kwa akili gani, na akili ziko kwenye ndoo?"

Baba Hatua akautazama mguu wake wa kukanyagia beseni.

"Miguu haingoji kichwa kwa kila hatua," daktari akasema. "Ndani ya uti wa mgongo, huku chini kiunoni, kuna vikundi vya neva vinavyopokezana. Umeona watu wawili wakitwanga kinu kimoja? Huyu akishusha mchi, yule anainua, hawagongani, na hakuna anayewaambia sasa wewe, sasa wewe. Neva za mguu huu zikiamka, zinazinyamazisha za mguu ule. Zikichoka, zile zinaamka, na zenyewe zinazinyamazisha hizi. Samaki anaogelea hivyo, mende anakimbia hivyo, paka vilevile. Kichwa kazi yake ni kusema anza, simama, pita huku, usianguke. Kuku wako hana tena wa kumwambia simama, ndo maana unamfunika."

"Na mtoto?"

"Kazaliwa na mtambo huo huo. Hata tumboni ndio uliokuwa unampigisha mateke, muulize mama yake. Ulipomgusisha meza, ukawaka. Hakuwa anakwenda popote, baba. Kichwa chake bado hakijajua kuutumia."

"Sasa nani kauzima?"

"Hakuna aliyeuzima." Daktari akalishika paja la mtoto, likajaa kiganjani. "Kanenepa. Mafuta yametangulia, misuli iko nyuma, mguu umekuwa mzito hawezi kuuinua. Mtie kwenye beseni la maji mpaka kifuani, maji yambebee uzito, uone kama mtambo haujawaka. Kutembea kwenyewe kutakuja kwa wakati wake. Nani anawalisha hawa?"

"Mama yangu," mkewe akasema. "Na ndiye anayemkanda."

"Mwambie asante, na aendelee. Watoto wote wangekuja hapa hivi, mimi ningekuwa nalala."

Mkewe hakumtazama. Alimfunga mtoto shali polepole, akaacha maneno yale yakae chumbani. Njiani Baba Hatua aliona aibu ambayo hakuwahi kuijua, tofauti kabisa na ile ya Jumapili. Ya Jumapili ilimchoma masikio. Hii hakuwa na wa kumtwika, na safari hii hapakuwa na mtu aliyemcheka. Miguu ya mtoto ilikuwa mizito kwa uji wa mama yule, kwa supu yake, kwa viganja vyake. Alichomtukania ni kumlea mtoto vizuri. Na jibu lenyewe alikuwa amelikanyaga kwa mguu wake miaka yote hiyo, linamgongea bati, naye anapiga soga.

Walipofika, mkoba ulikuwa pale pale. Mama mkwe alikuwa ameandaa maji ya uvuguvugu kwenye beseni kubwa la plastiki. Baba Hatua akasimama kwenye mlango wa jikoni, macho kwenye sakafu.

"Mama, daktari anasema mtoto mzima. Anasema ni unene tu, wala si makando. Samahani sana, mama."

"Haya, baba," akajibu, akampokea mjukuu wake.

Ikawa basi. Baba Hatua alitegemea atasemwa, alikuwa amejiandaa kusemwa. Mama yule akamvua mtoto nguo, akampangusa kichwa, shingo, mikono, tumbo. Alipofika kiunoni akasimama.

"Njoo umalizie, baba. Miguu nilikatazwa."

Akapiga magoti. Mikono yake ilikuwa ya kuchinjia na kunyonyolea, kucha zina rangi isiyotoka, na hakuwahi kumwogesha mwanawe hata siku moja. Mama mkwe alimshika mtoto kwapani, akamshusha kwenye maji mpaka kifuani, na nyayo zikagusa chini ya beseni. Mguu mmoja ukainuka. Ukatua. Wa pili ukainuka. Mapaja yale manene yakaenda kwa zamu ndani ya maji, bila haraka, kama siku ile ya kwanza.

Baba Hatua alihisi ukelele unampanda kooni. Akaumeza. Akaendelea kuosha, kidole kimoja kimoja, kichwa ameinamisha, maana machozi yalikuwa yameanza kudondokea kwenye maji ya mtoto na hakutaka waone. Waliona.

"Mbona leo huiti watu, baba?" mama mkwe akauliza.

Hakuuliza kwa hasira. Alitumia sauti ile ile anayoulizia kama chumvi imeisha. Lakini Baba Hatua aliuachia mguu wa mtoto. Alikuwa amemharibia mama yule jina mbele ya kaka, mwenyekiti na majirani, wakiwa na soda mkononi. Samahani yake aliipa sakafu ya jikoni.

Akajifuta mikono kwenye suruali, akachukua simu.

"Kaka, njoo nyumbani. Mpitie na mwenyekiti, na wale majirani waite."

"Kuna nini? Mtoto katembea?"

"Hajatembea," akasema. "Ni mimi nina neno la kusema mbele yenu. Njooni."

Mkewe akamfunika mtoto taulo na kumgeukia mama yake. Mama mkwe akaupangusa mkono mmoja, kisha wa pili, akaenda mlangoni. Akauinua mkoba, akauweka pembeni ya ukuta, wageni wapate pa kupita.