Mpira Usivuke Ukuta

Enzi zetu, mpira ukivuka ukuta, mpigaji ametoka. Sheria hiyo ndiyo iliyoninyima usingizi wiki nzima, mimi mtu mzima mwenye shahada ya uchumi. Kocha Goreti alikuwa amenichagua niwe mpigaji wa kwanza katika mashindano ya kimataifa ya kriketi ya wanawake kule Kigali, kwa sharti moja: nijifunze kuupandisha mpira juu.

"We kila siku unaukokota chini tu," aliniambia. "Wale wa Kigali watausimamisha kwa mguu. Ijumaa unipe jibu, ao nafasi nampa mwenzio."

Basi nikawaza. Nikipiga juu, mpira ukadakwa nikatolewa? Nikikataa nikajuta? Na kwa nini mikono yangu, kila mpira unapokuja, huuelekeza chini yenyewe kana kwamba imeamriwa? Swali hilo la mwisho ndilo lililonirudisha Buyenzi, mtaa wa Bujumbura nilikokulia.

Wewe uliyekulia mitaa ile wakati wa vita utaukumbuka ua kama wetu: nyumba tatu zinazotazamana, ukuta wa matofali, mlango wa bati uliolia kama mbuzi ukifunguliwa. Familia ya shangazi ilikuwa imekimbia mapigano mtaani Kinama na kuja kujibana kwetu, hivyo watoto wa kucheza nao hawakukosekana. Mchana kulikuwa na harufu ya ndagala, dagaa wa ziwani, wakikaangwa kwa mawese, adhana kutoka msikitini, na redio ya jirani ikisoma habari ambazo wakubwa walizisikiliza wakiwa wamesimama. Jioni ilikuja milio kutoka milimani. Tuliijua ya mbali na ya karibu, kama watoto wa leo wanavyojua milio ya simu zao.

Kriketi ililetwa na Nasrini, binti wa muuza vitambaa, Mhindi mzaliwa wa Bujumbura aliyekijua Kiswahili cha mtaani kutushinda sisi. Alikuja na gongo la kaka yake, mpini umefungwa kamba. Mpira wa tenisi tuliuzungushia utepe mweusi wa fundi umeme. Badala ya vile vijiti vitatu ambavyo mpira ukiviangusha mpigaji hutolewa, tuliweka bidoni, dumu la maji la nyumbani, nayo ilibidi ijae, maana ikiwa tupu upepo wa ziwani uliiangusha na mpigaji akatolewa bila kosa. Mama alitupenda hapo tu: maji yalichotwa bila ugomvi.

Siku ya kwanza mpira ulipovuka ukuta, Mariamu, binti wa shangazi, aliukimbilia mlango. Mama akamdaka kwa ncha ya kitenge chake.

"Rudi. Mupira iko kwa duka. Mutoto haiko kwa duka."

Mlango haukufunguliwa, na mpira hatukuuona tena. Tangu hapo tukakubaliana: anayevusha ametoka, na mchezo umekwisha kwa wote. Ole wako uwe wewe. "Mukono ya jembe," Mariamu alikuwa akinisuta hadi wakati wa kula. "Umetulaza mapema kama kuku." Ndivyo nilivyojifunza kupiga chini, mpira upite katikati ya masufuria na miguu ya bibi aliyekuwa akichambua maharage, wala asiinue macho.

Kisha Nasrini akapata kanda ya video kutoka kwa mjomba wake aliyeko India. Tulijipanga sakafuni kwao tukinywa chai ya tangawizi. Kwenye kioo, uwanja mzima wa majani mabichi, mataifa mawili yakipambana, na wachezaji wote wanawake. Mmoja aliyevaa sketi nyeupe aliinua gongo akaupiga mpira juu, ukapita vichwa vyote, ukaangukia mbali kwa watazamaji.

Tukashika vichwa.

"Masikini," akasema Mariamu. Halafu watu wakasimama kushangilia. "Mbona wanafurahi? Si ametoka?"

"Apana," Nasrini akacheka. "Hiyo ni pointi sita. Kwa pigo moja, hakuna inayozidi hapo."

Mariamu akatafakari. "Na mupira, nani anaenda kuuchukua?"

"Mutu yeyote."

Hatukumwamini.

Mshindi wa mechi ile hatukumjua, kwa sababu mjomba alirekodi harusi juu ya mwisho wake. Tulibishana kwa miaka. Watoto wa siku hizi wangepekua simu, wakapata jibu kabla chai haijapoa, halafu wakalalamika kwamba hawana la kufanya. Sisi tulimaliza mechi ile wenyewe uani, kila jioni na mshindi wake. Nasrini alihama na wazazi wake. Mariamu ana watoto sasa, na bado ananiambia ni timu yake iliyoshinda.

Ijumaa nilikwenda mazoezini Kibenga bila jibu. Kocha Goreti akaniuliza, nami nikamwambia, "Nirushie kwanza."

Akarusha. Nilipiga macho yakiwa nusu yamefumbwa. Mpira ukapanda, ukapanda, ukavuka ukuta wa uwanja na kupotelea barabarani. Nikasimama nikisubiri mtu aseme nimetoka. Hakuna aliyesema. Wasichana wadogo wa timu walikwisha kuufungua mlango na kukimbia nje huku wakisukumana, na hakuna mama aliyewavuta kwa kitenge.

"Andika jina langu," nikamwambia Kocha.

Lakini sikurudi kupiga. Nilikwenda mlangoni nikasimama hapo, nikiwahesabu kwa macho, mpaka walipotokea kwenye kona wakitembea polepole. Mpira ulikuwa mkononi mwa mmoja wao. Walikuwa wamechelewa kwa sababu walipitia kununua karanga.