Raba ya lab inayofupika kwa joto ilivyoua vifaranga vya Mama Wawira

Wakuu, salamu kutoka Kianjokoma. Haya sikuambiwa na mtu, yametokea kwetu nyumbani. Nikitia chumvi mnisute.

Mimi ni technician kwa lab ya materials. Huko tunatengeneza raba inaitwa liquid crystal elastomer, LCE. Ukiiona utasema ni kipande cha tube ya baiskeli.

Lakini ndani molecules zimelala upande mmoja, kama kuni kwa mzigo. Ukiipasha moto mpangilio unavurugika: inafupika upande huo, inapanuka ule mwingine. Ikipoa inarudi vile ilikuwa. Haina betri, haina waya.

Watu wanaijaribu kwa misuli ya robot, hata padding ya helmet, juu ya vile inameza mshtuko vizuri.

Sasa, mama yangu anafuga kuku. Brooder yake, pahali pa kulelea vifaranga, ni boksi na jiko la makaa. Makaa yakishika sana na yeye ako shambani anachuma majani chai, vifaranga wanakufa na joto.

Nikamletea kipande kipana, nikakichora mshale wa kuonyesha upande wa kufupika. Nikakata kidogo nikafunga juu ya kidirisha cha katoni nilichotoboa kwa boksi. Joto likizidi, raba inavuta kidirisha juu, joto linatoka. Ilifanya kazi, aki!

Lakini kwetu kitu kizuri hakiliwi peke yako. Mama akachukua kile kimebaki ampelekee Mama Wawira, rafiki yake wa jumuiya ya kanisa, naye pia anafuga. Na huwezi peana kitu chafu, kwa hivyo akakisugua na steel wool mpaka mshale ukaisha. Woi!

Mama Wawira akakifunga kwa kidirisha cha brooder yake vile alidhani. Joto likapanda, raba ikarefuka, kidirisha kikajifunga kabisa. Aliporudi kutoka shambani, vifaranga wengi walikuwa wamekufa.

Alikuja kwetu analia. "Mlinipatia kitu ya kuniulia kuku?"

Yeye na Mama wamekuwa marafiki tangu waolewe, na niliogopa sana urafiki unaishia hapo.

Nikatumbukiza ile raba aliyokuja nayo kwa maji moto mbele yao. Ikafupika huku, ikarefuka huku. Mama Wawira akaigeuza mkononi.

"Kumbe," akasema, lakini machozi hayakukauka.

Mama akaendea brooder yake, akaanza kutia vifaranga kwa kikapu. Nikamuuliza anapeana wangapi.

"Wacha kuhesabu. Shika huku tumpelekee."

Somo: LCE ina upande wake, na alama ya kalamu haitoshi. Siku hizi natoboa tundu kuonyesha upande wa kufupika. Lakini haikuwa physics yangu ilituliza Mama Wawira.

Wafugaji, nyinyi mnazuiaje joto kwa brooder? Na ingekuwa wewe ni Mama Wawira, ungeifunga hiyo raba tena? Semeni.